Nyayo za Majeshi Kando ya Ziwa Kivu

Mwaka 376 makundi makubwa ya Wagothi, wakiwakimbia wapanda farasi wa Hun waliotokea mashariki, yalivuka mto Danube na kuingia katika himaya ya Roma. Miaka miwili baadaye, tarehe 9 Agosti 378, waliliangamiza jeshi la Kaisari Valens karibu na mji wa Adrianople, na mwili wa Kaisari mwenyewe haukupatikana kamwe. Mwezi Agosti 410 mfalme wao Alaric aliuteka mji wa Roma na kuupora kwa siku tatu. Mwaka 418 walipewa makazi Aquitaine, kusini-magharibi mwa Ufaransa ya leo, kisha wakasonga hadi Hispania, ambako ufalme wa Wavisigothi ulidumu mpaka mwaka 711. Vitabu vya kale vimejaa habari za safari hizo za vita. Lakini mwanaakiolojia akiombwa aionyeshe njia ya jeshi hilo ardhini, anabaki na machache: sarafu zilizofukiwa na watu wenye hofu wasiorudi kuzifukua, kuta za miji, na matabaka ya majivu ambayo ni vigumu kusema ni moto wa jeshi gani. Wavisigothi wanaonekana vizuri pale tu walipotulia. Mji wa Reccopolis, ambao mfalme Leovigild aliujenga mwaka 578 baada ya miaka mingi ya kupigana, umeacha misingi ya kasri na ya kanisa ambayo mtu anaweza kuitembelea hadi leo. Jeshi linalopita huacha kidogo, na jeshi linalokaa huacha mengi. Kwa kipimo hicho tunaweza kuisoma ardhi yetu wenyewe, hapa Kivu ya Kaskazini, ambako majeshi hayakuacha kupita.

Keshero iko magharibi mwa mji wa Goma, upande wa barabara iendayo Sake. Anayetaka kuchimba choo hapa hashiki jembe. Anashika mtaimbo na nyundo nzito, na siku nzima inaweza kwisha akiwa amefika magotini tu, kwa sababu chini ya udongo mwembamba mweusi kuna mwamba wa volkano, mgumu, wenye matundu, unaochana viganja. Mawe anayoyang'oa hayatupwi: yanapangwa kuwa ukuta wa kiwanja au yanapakiwa kwenye chukudu, baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, na kuuzwa kwa wajenzi. Hivyo ardhi ya Keshero inafunuliwa kila siku, shimo kwa shimo, na watu wasio wanaakiolojia. Kila anayesoma historia ya vita vya eneo hili lazima aanze na mwamba huu, maana mwamba ndio ulioamua kipi kihifadhiwe na kipi kipotee. Volkano za Nyiragongo na Nyamulagira zimemwaga lava juu ya lava kwa maelfu ya miaka. Mahali pengine duniani majivu ya volkano yameihifadhi miji mizima, lakini lava ya kwetu huunguza kwanza, ndipo ikafunika.

Wakati Alaric anaingia Roma, watu wa nchi za Maziwa Makuu walikuwa tayari mafundi wa chuma. Ushahidi wao ni vyungu vinavyoitwa vya Urewe, vyenye michoro ya mistari na kitako kilichobonyezwa kwa kidole, pamoja na mabaki ya tanuri za kuyeyushia chuma. Katika miaka ya 1950 wataalamu Jean Hiernaux na Emma Maquet walichimba maeneo ya Rwanda na Kivu na kuthibitisha kwamba utamaduni huo ulifika pande zote mbili za ziwa. Chuma kilileta jembe na kikaleta mkuki. Lakini mkuki wa enzi hizo haukudumu ardhini. Mvua zetu ni nyingi, udongo wetu una asidi, chuma kinaliwa na kutu na mifupa inayeyuka. Kwa hiyo, kuhusu miaka elfu moja ya kwanza ya enzi ya chuma, tunajua zaidi walivyopika kuliko walivyopigana, na asitokee mtu akasema kwamba walikuwa watu wa amani tupu kwa sababu tu silaha zao hazikuonekana.

Kati ya karne ya 14 na ya 15, kaskazini-mashariki mwa hapa, katika nchi ambayo leo ni Uganda, yalichimbwa mahandaki makubwa ya Bigo bya Mugenyi. Urefu wake kwa jumla unazidi kilomita 10, na mahali pengine kina kinapita mita 3. Peter Shinnie alipachimba mwaka 1957, akafuatwa na Merrick Posnansky mwaka 1960. Kwa muda mrefu kila aliyeyaona mahandaki hayo alisema ni ngome ya vita ya Wachwezi, watawala wanaotajwa na masimulizi ya Bunyoro na Nkore. Baadaye wataalamu walianza kusitasita: handaki refu kiasi hicho linahitaji maelfu ya walinzi, na pengine lilikusudiwa kuzuia mifugo, kulinda mazao au kuonyesha ukubwa wa mtawala. Mwanafunzi aishike hoja hiyo kwa uzito unaostahili, maana ni kosa la kudumu la wanaosoma ardhi: wakiona ukuta wanasema vita, wakiona majivu wanasema adui. Ushahidi wa kampeni ya kijeshi haupatikani katika kitu kimoja. Unapatikana pale vitu vingi vinapokubaliana na masimulizi ya watu.

Karne ya 18 ilileta falme zilizojipanga kwa ajili ya vita. Katika Rwanda, mfalme Cyirima Rujugira alipigana na Burundi, na Ndorwa na Gisaka, akaweka makundi ya wapiganaji kwenye mipaka wakae hapo daima. Alipofariki mwili wake ulikaushwa kwa moshi na kuhifadhiwa juu ya ardhi kwa vizazi kadhaa, ukaja kuzikwa miaka ya 1930 tu, chini ya utawala wa Wabelgiji. Mwaka 1969 Francis Van Noten alilifukua kaburi hilo huko Gaseke. Kichwa cha mfalme kilikuwa kimelazwa juu ya nyundo mbili za chuma za mhunzi, mithili ya mto wa kulalia. Mfalme aliyesifika kwa vita alikuwa amezikwa kama bwana wa wahunzi. Hakuna kitu kingine katika eneo letu kinachoonyesha waziwazi hivyo jinsi utawala, chuma na silaha vilivyofungamana.

Upande wa magharibi wa ziwa hapakuwa na dola moja kubwa. Palikuwa na Wakumu kwenye miteremko ya Nyiragongo, Wahunde kuelekea Masisi, Watembo na Washi kusini zaidi, na Wahavu visiwani na ufukoni, kila mmoja na watawala wake. Watu hawa walifungwa pamoja na biashara zaidi kuliko upanga. Watembo walisuka bangili za nyuzi za mimea ziitwazo butega, zikazunguka ziwa lote kama fedha, zikanunua mbuzi, jembe na hata ng'ombe. Katika udongo hazikuacha hata uzi mmoja. Mtu anayetegemea ardhi peke yake atakosa kabisa kuujua uchumi huu, na bila kuujua uchumi huo hawezi kuelewa kwa nini jeshi lilivuka maji kuja huku.

Jeshi hilo lilikuja na Kigeri Rwabugiri, aliyetawala Rwanda tangu miaka ya 1860 hadi 1895. Maisha yake yalikuwa kampeni moja ndefu. Alikishambulia kisiwa cha Ijwi kwa mitumbwi, mfalme Kabego akauawa, na kisiwa kikawa chini yake kwa muda. Aliishambulia Bushi, nchi ya Washi, mara kwa mara, akapoteza watu wengi huko, na alifariki mwaka 1895 akiwa safarini kwenye ziwa hili hili, akielekea vitani tena. Mwanahistoria David Newbury aliandika habari za kampeni hizo mwaka 1974, na tofauti kati ya masimulizi ya pande mbili zinafundisha: kile ambacho nyumba ya kifalme ilikiita ushindi, Ijwi walikikumbuka kama uvamizi wa muda uliokwisha. Na ardhi je? Mikuki, ngao za mbao, mitumbwi ya magogo na vibanda vya nyasi vya askari vimeoza vyote. Kilichobaki ni makao. Rwabugiri alikuwa na desturi ya kujenga makao mapya katika nchi anazozilenga, na Rubengera, kwenye miinuko ya mashariki ya ziwa, ndiko alikotazamia Ijwi na Bushi. Ua wa makao ya mfalme ulisimamishwa kwa nguzo za mti wa mvumu, na mti huo una tabia ya kuchipua ukichomekwa. Watu wanapohama, nyumba zinaanguka na ua unageuka kuwa miti mikubwa iliyosimama kwa duara. Wanyarwanda huitambua miti ya namna hiyo kama alama ya mahali alipokaa mfalme. Kwa hiyo alama bora kuliko zote ya kampeni za Rwabugiri ina majani, na anayeukata mti wa namna hiyo apate makaa anaichoma hati ya historia.

Upande wa pili wa msitu, wafanyabiashara wenye silaha kutoka mwambao na Unguja walikuwa wamejenga Nyangwe na Kasongo karibu na mto Lualaba. Mkubwa wao alikuwa Hamed bin Muhammed, maarufu kwa jina la Tippu Tip. Vikosi vyao vya waungwana vilitafuta pembe na watumwa, na vikaieneza lugha hii ninayoandikia mpaka ndani ya Manyema. Kati ya 1892 na 1894 Dola Huru ya Kongo, chini ya kamanda Francis Dhanis, iliwapiga vita: Nyangwe ilianguka Machi 1893, Kasongo ikafuata Aprili. Kisha mwaka 1897 askari wa Dhanis mwenyewe, wengi wao Watetela, waliasi wakiwa njiani kuelekea Nile, wakashuka kusini kwa kupita magharibi ya maziwa. Uasi huo hatimaye ulizimwa, lakini ulibadilisha ramani yetu. Wabelgiji waliviacha vituo vyao vya Kivu, na Wajerumani wakaingia mahali pao.

Mjerumani wa kwanza kuliona ziwa alikuwa Gustav Adolf von Götzen, Juni 1894, ndiye huyo huyo aliyekuja kuwa gavana na kuvizima vita vya Maji Maji kwa njaa na moto. Miaka 16 ya mabishano ilifuata. Wajerumani walijenga Gisenyi, Wabelgiji wakaweka kituo chao mwaka 1906 hatua chache tu upande wa magharibi, na ndipo mji wa Goma ulipopata chanzo chake. Mkutano wa Brussels wa Mei 1910 uliukata mpaka: Ijwi kwa Wabelgiji, Gisenyi kwa Wajerumani. Mtu anayevuka mpaka wa Goma na Gisenyi kwa miguu kila asubuhi akiwa na beseni la nyanya kichwani anapita juu ya mabaki ya kijeshi yaliyo makubwa kuliko yote ya mkoa huu. Miji miwili ilizaliwa ikiwa kambi mbili zinazotazamana.

Vita vya Kwanza vya Dunia vilipofika mwaka 1914 kambi hizo zilifanya kazi iliyokusudiwa. Tarehe 24 Septemba Kapteni Max Wintgens, aliyeongoza askari wa Kijerumani wa Rwanda, aliiteka Ijwi. Wabelgiji walijaribu kuichukua Gisenyi wakashindwa, na kwa mwaka mmoja na nusu pande mbili zilikaa zikichunguliana kutoka vilimani, hasa juu ya bonde la mto Sebeya, huku zikichimba mahandaki na kujenga vizuizi vya mawe. Aprili 1916 Jenerali Charles Tombeur wa Wabelgiji alianza kusonga. Kikosi chake kimoja, chini ya Molitor, kiliingia Kigali tarehe 6 Mei, Wintgens akaiacha Gisenyi asizingirwe, na ilipofika tarehe 19 Septemba Wabelgiji walikuwa Tabora.

Hapa ndipo ushahidi wa ardhini unapoanza kuwa mwingi, kwa sababu bunduki ilileta kitu kisichooza upesi: ganda la risasi la shaba. Katika mwanzo wa vita askari wa Force Publique, jeshi la Wabelgiji katika Kongo, walibeba bunduki aina ya Albini, na makampuni mengi ya Kijerumani yalikuwa bado na bunduki za mwaka 1871 zinazotoa moshi mwingi. Maganda yake hayafanani, na mara nyingi kitako cha ganda hubeba alama ya kiwanda na mwaka. Wamarekani walionyesha thamani ya jambo hili kwenye uwanja wa vita wa Little Bighorn. Moto wa nyika ulipoteketeza majani mwaka 1983, wanaakiolojia walipita na vifaa vya kutambua chuma, wakaweka alama pale ganda lilipolala, kisha wakalinganisha mikwaruzo ya kifyatulio. Waliweza kufuata bunduki moja moja ikihama kutoka jiwe hadi jiwe, na masimulizi ya wenyeji, yaliyodharauliwa kwa miaka mia, yakaonekana kuwa kweli katika mengi. Katika Afrika Mashariki, Bertram Mapunda, akiwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, aliifuata njia hiyo ya kuunganisha ardhi na vinywa alipochunguza vita vya Maji Maji huko Ungoni. Nchini Kenya mahandaki ya Salaita, ambako jeshi la Afrika Kusini lilishindwa tarehe 12 Februari 1916, bado yanaonekana kwa macho. Vilima vya Sebeya vinastahili uchunguzi wa namna hiyo.

Na kuna kundi ambalo halikuacha hata ganda. Jeshi la Tombeur halikuwa na reli wala barabara ya magari. Kila risasi na kila kopo la nyama vilibebwa kichwani. Wapagazi wa Kikongo waliotumika katika vita hivyo wanakadiriwa kuwa zaidi ya 200,000, wengi wakitoka vijiji vya mashariki, na walikufa zaidi kwa baridi ya milimani, kuhara damu na njaa kuliko kwa risasi. Walizikwa kando ya njia bila alama. Jeshi lililoshinda Tabora lina mnara na jina katika vitabu, lakini miguu iliyolifikisha haina kaburi linalojulikana. Hili ndilo pengo kubwa kuliko yote katika ushahidi wa vita vya Kivu, na halitazibwa na kifaa cha kutambua chuma.

Baada ya hapo bunduki zilinyamaza kwa miaka mingi, na volkano ikaendelea kuandika juu ya maandishi ya watu. Kati ya 1938 na 1940 lava ya Nyamulagira ilifika ziwani karibu na Sake. Tarehe 10 Januari 1977 na tena 17 Januari 2002 lava ya Nyiragongo ilishuka kuelekea mjini. Safari hii ya pili ilipita katikati ya Goma hadi kwenye maji, ikaifunika sehemu ya uwanja wa ndege na mitaa mizima ya mji wa zamani wa kikoloni. Tarehe 22 Mei 2021 ilishuka tena na kusimama kwenye ukingo wa mji. Chochote kilichokuwa kimesalia katikati ya mji kutoka enzi za kituo cha mpakani, sehemu yake sasa iko chini ya mwamba.

Katikati ya Julai 1994, baada ya mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi nchini Rwanda, watu wapatao 850,000 walivuka kuingia Goma kwa siku chache. Pamoja nao walikuja wanajeshi walioshindwa na wanamgambo waliofanya mauaji. Barabara inayopita Keshero ikawa mto wa watu kuelekea Mugunga, na jeshi lililoshindwa likapiga kambi upande wa Lac Vert. Kipindupindu kikaua makumi ya maelfu ya watu. Mwamba ule ule unaomchosha mchimba choo ulikataa kupokea maiti, mpaka wanajeshi wa Ufaransa wakaleta mashine nzito za kuchimbia makaburi ya halaiki. Tarehe 15 Novemba 1996 kambi ya Mugunga ilivunjwa na vikosi vya waasi wa AFDL na washirika wao. Siku hizo waandishi wa habari walikuta, kati ya vitu vilivyotelekezwa Mugunga, makaratasi yaliyoonyesha kwamba kampuni iliyosajiliwa Kisiwa cha Man ilikuwa imeiuzia silaha serikali ya mauaji wakati watu wakiendelea kuchinjwa. Hakuna aliyeyaacha makaratasi hayo kwa makusudi. Ndivyo ulivyo ushahidi mzuri wa ardhini wa enzi zote: ni kile ambacho jeshi halikukumbuka kukibeba.

Yaliyofuata wasomaji wa Goma wanayajua bila kufundishwa. Uasi wa RCD ulianzia hapa Agosti 1998, waasi wa M23 waliuteka mji Novemba 2012 wakatoka baada ya siku 11, na mwishoni mwa Januari 2025 waliuteka tena, huku makombora yakianguka katikati ya nyumba za watu. Kila moja ya vita hivyo imeacha shaba na chuma katika matundu ya mwamba, na baadhi ya chuma hicho bado kina baruti.

Kwa hiyo neno langu la mwisho ni kwa wachimbaji wa Keshero, Ndosho na Mugunga, na kwa wanafunzi wanaosoma jioni baada ya kuchimba. Mtaimbo ukigonga chuma usichokijua, simama. Usikigonge mara ya pili, usikishike, wala usimwache mtoto akisogelee. Weka alama kwa mbali, waite wanaotegua mabomu. Kikishaondolewa salama, andika tarehe, mahali, kina cha shimo, na kama kilikuwa juu ya mwamba au ndani ya ufa wake, kisha muulize mzee wa jirani ni nani walipita hapo na mwaka gani, uandike na jibu lake. Hati hizo mbili ziwekwe pamoja na zikabidhiwe kwa mwalimu wa historia.